Kiwimbi cha Mũrang'a kilipitia Vietnam

Wadau, fungua programu yoyote ya kutengeneza kadi kwenye simu yako sasa hivi. Chagua fonti ya harusi, zile herufi za kujikunjakunja zenye mikia mirefu. Halafu andika Mũrang'a. Usiandike Muranga ya haraka haraka, andika Mũrang'a kamili, na kiwimbi chake juu ya u na apostrofi yake baada ya g. Kwa fonti nyingi utaona hivi: M inakuja na madoido yake yote, ũ inakuja imesimama wima kama askari wa kaunti kwa sababu imeazimwa kutoka fonti nyingine, madoido yanaendelea kidogo, halafu apostrofi inakata mwandiko katikati kama jiwe barabarani.

Wengi hudhani simu ni mbovu. Simu iko sawa. Hiyo ũ iliyosimama wima ina historia ndefu kuliko umri wa nyanya yako, na leo nataka tuipitie. Mimi ni mtu wa Namboboto, nakula kwa kutengeneza kadi na mabango, na mpaka huu wetu wa Busia na Malaba ni mahali pazuri sana pa kuona jinsi herufi zinavyopotea.

Fikiria wateja wa wiki moja. Kadi ya harusi ya watu wa Ageng'a. Programu ya mazishi ya familia ya Wateso wa Ang'urai, au wa Ang'orom. Kadi ya mfanyabiashara wa Malaba ambaye kwao ni Mũrang'a. Kadi ya kwanjula ya Muganda aliyevuka kutoka ng'ambo kwa sababu huku kuprinti kumemfaa zaidi wiki hiyo. Soma tena hayo majina. Ageng'a, Ang'urai na Ang'orom ni wadi za kaunti yetu, na yote matatu yana ile ng' ya ng'ombe. Ukiondoa apostrofi unapata Agenga, Angurai, Angorom, majina ambayo mtu wa Nairobi atayasoma kama "ngazi" na "nguo", na hakuna mtu wa huku anayeitwa hivyo.

Sasa, mpaka wenyewe. Hadi 1902 hakukuwa na Kenya na Uganda za kutenganishwa hapa. Sehemu yote hii, mpaka Naivasha, ilikuwa ndani ya himaya ya Uganda, na mwaka huo Waingereza waliihamishia upande wa pili kwa karatasi tu. Wasamia wakabaki pande zote mbili. Wateso pia. Watu hawakubadilisha sauti zao, ila polepole pande mbili zikazoea kuandika sauti ileile kwa njia tofauti. Upande wa Kenya sauti ya ng'ombe ikawa ng'. Upande wa Waganda ikawa herufi moja, ŋ, yaani n iliyofuga mkia.

Huo mkia ulitoka London. Mwaka 1926 ilianzishwa huko Taasisi ya Kimataifa ya Lugha na Tamaduni za Afrika, na mmoja wa wakubwa wake alikuwa Mjerumani Diedrich Westermann. Mwaka 1927 wakatoa kijitabu cha kupendekeza namna ya kuandika lugha za Afrika, wakakirekebisha 1930. Msimamo wao ulikuwa kwamba alama za juu ya herufi ni usumbufu. Zinachosha jicho, na mtu akiandika kwa haraka anazisahau. Afadhali herufi mpya kabisa, kwa mfano ŋ, ambayo inasimama yenyewe bila kubeba mzigo kichwani. Waganda walikutana 1947 wakaamua tahajia rasmi ya Luganda, na ŋ imo ndani yake. Mpaka leo neno la ngoma kwa Luganda linaandikwa eŋŋoma, mbili kwa mpigo.

Kiswahili kilikuwa na kamati yake, iliyoanza kazi 1930, nacho kikabaki na ng'. Mimi nafikiri hapa Kiswahili kilikuwa mjanja. Apostrofi ilikuwepo kwenye kila taipureta iliyowahi kushushwa bandarini Mombasa. Mkia wa ŋ haukuwepo. Karani wa Kampala mwenye taipureta ya Kiingereza angefanya nini? Aliandika ng' kama sisi, au aliandika n halafu akachukua kalamu ya wino akachora mkia kwa mkono. Watu wakawa na tahajia rasmi ya kwenye sherehe na tahajia ya mashine ya kila siku. Hali hiyo haijaisha, ila siku hizi mashine ni simu.

Kikuyu kilichukua njia nyingine. Lugha hiyo ina irabu saba, na alfabeti ya Kilatini ilikuja na tano. Irabu mbili za ziada ziko katikati: moja iko kati ya i na e, nyingine kati ya u na o. Kwa sikio la Mswahili ĩ inasikika karibu kama e, na ũ karibu kama o. Ndiyo maana wenyewe wakitaja Gĩkũyũ wewe unasikia kama Gekoyo, na ndiyo maana jina la mwandishi mkubwa kuliko wote nchini mwetu halitamkwi jinsi mtangazaji wa redio anavyolisoma. Walioweka tahajia ya Kikuyu waliamua kubandika kiwimbi juu ya i na u. Kikamba na Kimeru nazo zinatumia kiwimbi hichohicho. Yaani ushauri wa London wa kuepuka alama za juu haukufuatwa, na kwa maisha ya kawaida hakuna aliyeumia, kwa sababu kalamu haijali. Mwalimu wa darasa la pili anachora kiwimbi kwa chaki bila kuomba ruhusa kwa mtu.

Taabu ilianza na kompyuta, na hapa ndipo hadithi inakuwa tamu, nivumilie.

Kompyuta haijui herufi, inajua namba. Kila herufi lazima ipewe namba kwanza. Seti ya kwanza ya Wamarekani, ya miaka ya 1960, ilikuwa na herufi za Kiingereza tu. Baadaye wakaongeza seti ya Ulaya Magharibi, ile ya 1987 ambayo kompyuta nyingi za Kenya ziliishi nayo kwa miaka. Humo kulikuwa na ã na õ kwa ajili ya Wareno, na ñ kwa ajili ya Wahispania. Kiwimbi kilikuwemo! Lakini juu ya i hakikuwepo, wala juu ya u. Kwa hiyo ofisi ya Nairobi iliweza kuandika São Paulo bila shida, na haikuweza kuandika Mũrang'a.

Watu wakafanya nini? Walitafuta kinachofanana. Kwenye seti hiyo kulikuwa na î na û zenye kofia, za Wafaransa. Basi Wakikuyu wengi wakaanza kuandika Gîkûyû na Mûrang'a kwa kofia. Ukikuta maandishi ya Kikuyu yenye kofia badala ya kiwimbi, mara nyingi unachosoma ni alama ya jeraha la kompyuta za zamani. Siku hizi wapo vijana wanaobishana kwamba kofia ndiyo tahajia halisi. Siwalaumu, wamezaliwa wameikuta.

Halafu mwaka 1988 ikatoka seti nyingine, ya Ulaya ya kaskazini. Ilitengenezwa kwa ajili ya Waestonia, Walatvia, Walithuania, Wasami wa Norwe na jirani zake, na watu wa Greenland. Fungua orodha yake uone: ĩ imo, ũ imo, na ŋ nayo imo! Zote tatu, Mkikuyu na Muganda wamekaa benchi moja. Ila hakuna Mwafrika aliyeulizwa. Ŋ iliwekwa kwa sababu Wasami wanaitumia kwenye lugha yao. Ĩ na ũ zilikuwa za tahajia ya zamani ya Greenland, na Greenland yenyewe ilikuwa imeiacha tahajia hiyo tangu 1973. Unaelewa maana yake? Herufi za Mũrang'a zilipewa namba kwa heshima ya lugha ambayo tayari ilikuwa imezitupa.

Mwaka 1991 lilipotoka toleo la kwanza la Unicode, mpango wa kuzipa herufi zote za dunia namba moja moja, seti hizo za zamani zilimiminwa ndani yake zilivyo. Kwa hiyo tangu 1991 ĩ, ũ na ŋ zina namba zao za kudumu. Kwenye karatasi tulishinda miaka mingi iliyopita. Mbona basi kadi ya harusi bado inakwama?

Kwa sababu kuwa na namba si kuwa na sura. Namba ni kama kitambulisho. Sura lazima mtu akae chini aichore, fonti kwa fonti, na mchoraji wa fonti anachora zile herufi anazojua kuna mtu atazitaka. Mchoraji wa Marekani anayeuza herufi za maharusi anafikiria wateja wake. A mpaka Z, labda na é kwa ajili ya migahawa. Simu ikikosa sura inafanya moja kati ya mambo mawili: inaazima kutoka fonti nyingine, ndiyo ule askari wa kaunti, au inakuwekea kiboksi kitupu. Viboksi hivyo wenye kazi huviita tofu, kama kile chakula cha soya cha vipande vya mraba. Google walipotengeneza familia yao ya fonti za lugha zote waliiita Noto, kifupi cha "hakuna tofu" kwa Kiingereza. Kazi nzuri, naiheshimu. Pia kuna fonti inaitwa Andika, neno letu la Kiswahili kabisa, ya shirika la SIL, imetengenezwa kwa ajili ya watu wanaojifunza kusoma na ina kila herufi ya Afrika unayoweza kufikiria.

Lakini jamani, nani anataka kuolewa kwa Noto? Andika ni safi, inasomeka, na ukiiweka kwenye kadi ya harusi inaonekana kama barua ya mkutano wa wazazi. Mashirika makubwa yalitupa herufi za kusomea na za kazi. Herufi za furaha na za majonzi, zile za kadi, za keki, za jina juu ya msalaba, hakuna aliyefikiria kwamba tunazihitaji pia. Nazo ndizo zinazobeba jina la mtu siku zile ambazo jina lake lina uzito kuliko siku nyingine zote.

Mama mmoja wa Malaba aliwahi kuja kuchukua programu ya mazishi ya mume wake, kazi iliyofanyiwa kwingine ila alitaka niiongeze kurasa. Jina la mzee lilikuwa na viwimbi viwili, na vyote viwili vilikuwa vimeazimwa, vyeusi na vinene katikati ya mwandiko mwembamba wa dhahabu. Akaniuliza kwa upole, "Sasa kijana wangu, hizi mbili ni za nani?" Sikuwa na jibu la haraka. Tulitafuta fonti pamoja karibu saa nzima, na tuliyoipata, iliyoandika jina lote kwa mkono mmoja, ilikuwa na neno la Kivietinamu kwenye maelezo yake.

Hapo ndipo nilianza kufuatilia Vietnam.

Kivietinamu kinaandikwa kwa herufi za Kilatini, kama Kiswahili. Wamisionari Wajesuti, wengi wao Wareno, walianza kuiandika hivyo karne ya 17, na kamusi ya padri Alexandre de Rhodes ilichapishwa Roma mwaka 1651. Lugha hiyo ina toni: neno lilelile likipandishwa au kushushwa sauti linakuwa neno jingine. Kwa hiyo wana irabu 12 na toni sita, na toni tano kati ya hizo zinahitaji alama. Mojawapo ya alama hizo ni kiwimbi. Piga hesabu, ongeza đ yao yenye mkato, hesabu kubwa na ndogo, unapata herufi 134 ambazo Mwingereza hana. Kati ya hizo 134, nne ni hizi: ĩ, Ĩ, ũ, Ũ.

Yaani fonti ikishajua Kivietinamu, imeshajua Kikuyu. Na Kikamba. Na Kimeru. Mchoraji hajawahi kusikia habari za Mũrang'a wala Machakos, lakini kazi yetu imeshafanyika.

Na Wavietinamu hawakukaa kungojea wapewe. Wao wanapenda maandishi mazuri kupita kiasi. Mwaka mpya wao wa Tết ukifika, watu wanapanga foleni kwa mabingwa wa kalamu ya brashi wawaandikie neno moja la baraka la kutundika ukutani. Pale Hanoi, kwenye Hekalu la Fasihi, ni shughuli kubwa. Zamani neno hilo liliandikwa kwa herufi za Kichina. Siku hizi wapo mabingwa wengi wanaoliandika kwa herufi za Kilatini, na alama za toni wanazigeuza kuwa pambo lenyewe. Kiwimbi kinavutwa kinakuwa kama moshi. Nukta ya chini inakuwa tone la wino. Ukiondoa alama unaua urembo, mbali na kuua maana.

Watu wa namna hiyo walipopata kompyuta na kukuta fonti za mapambo za Wamarekani hazina herufi zao, walizifungua. Kwanza kila mtu kivyake, kabla ya Unicode kukaa sawa: herufi zao 134 hazikutosha kwenye nafasi zilizokuwepo, wakapanga mitindo yao, na waraka ulioandikwa kwa mtindo mmoja ukifunguliwa kwa mtindo mwingine unakuwa uji. Herufi zao zilizotimia ziliingia Unicode 1993. Tangu hapo kuna vijana huko ambao starehe yao ni kuchukua fonti ya kigeni na kuichorea alama zote, kazi wanayoiita Việt hóa, "kuivietinamisha". Wana maneno makali pia kwa fonti iliyovietinamishwa vibaya, yenye alama zilizobandikwa kama stempu. Shinikizo hilo lilifika hadi kwa wachoraji wenyewe, na leo fonti nyingi za bure za mapambo kwenye maktaba ya Google zinakuja na Kivietinamu ndani. Lobster imo. Pacifico imo. Dancing Script imo. Hizo tatu umeziona kwenye vinyozi, kwenye keki, kwenye fulana za chama, kutoka Bumala mpaka Kampala. Jaribu Mũrang'a kwenye Dancing Script, kiwimbi kitakaa kama kilizaliwa hapo.

Kuna jambo dogo la kiufundi ambalo Wavietinamu walitusaidia bila kujua. Ĩ haitengenezwi kwa kuchukua i na kuweka kiwimbi juu yake, kwa sababu i tayari ina nukta, utapata nukta na kiwimbi vimebebana kama abiria wa bodaboda. Lazima uanze na i isiyo na nukta. Halafu kwenye mwandiko wa kuunganisha, herufi kubwa ya mbele huwa na mkia unaopita juu ya herufi zinazofuata, na kiwimbi kinaugonga. Wavietinamu wana herufi zenye alama mbili juu, moja juu ya nyingine, kama ế na ỗ, kwa hiyo ilibidi wasafishe anga yote ya juu. Sisi tunapita kwenye barabara waliyochonga.

Sasa mtu atasema, hawa Wavietinamu wako mbali, sisi Afrika Mashariki hatuna historia ya kubadilisha herufi za watu. Tunayo, na ni ya zamani. Waswahili wa pwani waliandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu karne nyingi kabla Krapf hajashuka Mombasa. Kiarabu hakina p, hakina ch, hakina v, hakina g kama yetu, na alama zake za irabu ni tatu wakati Kiswahili kina tano. Waandishi wa Lamu, Siyu na Mombasa hawakusema lugha yao ndiyo yenye kasoro. Waliongeza nukta, walibadili alama. Mwalimu Sikujua wa Mombasa, aliyefariki 1890, yule ambaye kupitia kwake mashairi ya Muyaka yalihifadhiwa na kumfikia mmisionari Taylor, alikuwa mmoja wa waliokuna kichwa kuhusu alama za kutosha sauti za Kiswahili. Baadaye Sheikh al-Amin bin Ali Mazrui, aliyekuja kuwa Kadhi Mkuu wa Kenya, naye alikuwa na mapendekezo yake ya kurekebisha mwandiko huo. Kalamu ya mwanzi iliwaruhusu. Ukitaka nukta ya tatu, unaiweka.

Na huku bara tulikuwa na fundi wa brashi. Yule aliyeandika jina la duka la baba yako kwa rangi ya mafuta, na kivuli chekundu nyuma ya kila herufi. Fundi huyo hakuwahi kukosa herufi hata moja maishani mwake. Ukimwambia kiwimbi, anaweka kiwimbi. Ukimwambia ŋ yenye mkia wa chui, unapata mkia wa chui. Wachoraji wa matatu wa Nairobi mpaka leo wana uhuru huo. Tulioupoteza ni sisi tuliohamia kwenye skrini, na tuliuita maendeleo kwa sababu bango sasa linatoka dakika kumi.

Twende kwa ŋ, kwa sababu Vietnam haimsaidii Muganda. Kivietinamu kinaandika sauti hiyo ng au ngh, basi. Anayemsaidia Muganda ni Msami. Fonti iliyotengenezwa na mtu wa Norwe mwenye adabu itakuwa na ŋ. Lakini tazama kisa cha kwanjula. Ukoo ndio kila kitu pale, lazima utajwe. Tuseme bwana harusi ni wa ukoo wa Ŋŋaali, yule ndege wa kwenye bendera ya Uganda. Jina la ukoo linaanza na Ŋ kubwa, juu kabisa ya kadi. Kuna sura mbili za Ŋ kubwa duniani: Wasami wanapenda ile inayofanana na N kubwa yenye mkia, na sisi Waafrika tumezoea ile ya n ndogo iliyokuzwa. Fonti nyingi za mapambo zenye herufi hiyo zina ile ya Wasami. Kwa hiyo kadi ya Masaka inatoka na herufi ya watu wanaofuga kulungu kwenye theluji. Inasomeka, sawa. Lakini mzee mmoja wa upande wa bibi harusi aliitazama kadi ya namna hiyo nikiwepo, akaigeuza, akauliza kama hiyo N imevunjika mguu.

Najua kuna wanaosema haya ni mambo madogo, watu wanaelewa tu. Hilo nalipinga. Tulimpa pole Ngũgĩ wa Thiong'o alipofariki tarehe 28 Mei 2025, na mtandao mzima ukajaa mabango. Mtu aliyetoa riwaya yake ya kwanza 1964 kwa jina James Ngugi, akaliacha hilo James, akaandika Caitaani Mũtharaba-inĩ akiwa gerezani Kamiti, ikachapishwa 1980, yote kwa ajili ya kudai lugha yake. Jina lake lina ũ, lina ĩ, lina ng', mitihani yote mitatu ya posti hii kwenye jina moja. Na mabango ya kumuaga niliyoyaona yalikuwa na Ngugi, na Ngûgî, na Ngũgĩ yenye herufi mbili za kuazima. Alama ya reli haikuweza hata kubeba apostrofi yake, maana apostrofi inakata alama ya reli. Ukisema watu wanaelewa tu, unamwambia mtu huyo kwamba alibishana miaka hamsini juu ya pambo.

Kwa wenzangu mnaotengeneza kadi, haya ndiyo ninayofanya kwa sasa. Nikichagua fonti ya mapambo naangalia kwanza kama imeandikwa inakubali Kivietinamu, hata kama mteja wangu ni wa Tharaka. Najaribu neno moja lenye kila kitu kabla sijaonyesha sampuli. Fonti ikiwa nzuri na haina herufi ninazotaka, naangalia leseni. Zile zenye leseni huria ya SIL, ndiyo hiyohiyo SIL ya Andika, unaruhusiwa kuzifungua na kuziongezea, mradi ubadilishe jina kama mwenyewe amelihifadhi, usiiuze fonti peke yake, na uiachie chini ya leseni ileile. Zile za kununua usiziguse, huo ni wizi, na mchoraji naye ana watoto. Programu ya kufungulia inaitwa FontForge, ni ya bure, inahitaji kompyuta na uvumilivu. Herufi sita ndizo za kuanzia: ĩ na ũ na ŋ, kubwa na ndogo. Kiwimbi mara nyingi hakihitaji kuchorwa upya, unakichukua kutoka kwenye ñ ambayo fonti inayo tayari. Mkia wa ŋ unaweza kuukata kutoka kwenye j. Ŋ kubwa nachora ya kwetu.

Apostrofi ndiyo bado inanisumbua. Kwenye mwandiko wa kuunganisha, simu inaidhani ni alama ya kufunga usemi, inaisukuma mbali, na Ageng'a inakuwa Ageng, nafasi, a. Wakati mwingine inaigeuza iangalie upande wa pili kabisa. Nimejaribu kuchora g na ' na a zishikane kama herufi moja, kamba moja kutoka mkia wa g, inapanda, inafanya nukta yake, inashuka kwenye a. Kwa Ageng'a imekubali. Kwa Ang'orom o inaanzia juu, kamba haifiki. Nikiipata nitaiweka hapa mchukue bure.